Talaka ya Mara ya Tisa

Dar es Salaam, 15 Julai 2024

Mama Mkubwa,

Shikamoo. Natumaini miguu imepoa baada ya siku kumi na mbili za kusimama juani kwa ajili yangu.

Tumeanza kuhariri. Kila anayepita chumbani anauliza nimewatoa wapi wazee wale wawili. Najibu kwamba mwigizaji niliyemtegemea aliugua siku mbili kabla ya kazi, nikakimbilia nyumbani Tongoni. Yule bibi, nasema, ni dada wa marehemu mama yangu na ndiye aliyenilea. Yule bwana ni kaka wa marehemu baba. Ni mume na mke tangu kabla sijaanza shule. Hawaamini kama hamjawahi kusimama mbele ya kamera.

Nataka nikwambie jambo moja kwa maandishi ulihifadhi. Nimeongoza filamu ishirini na sita na tamthilia misimu sita. Sijawahi kupata kipande kama kile cha mwisho tulichopiga ile Jumapili ya tarehe 7, pale Bwana Forodha wa ami anapompa mkewe Salma talaka barazani. Uso wako pale, Mama Mkubwa. Timotheo, fundi wangu wa sauti, Mlutheri wa Lushoto asiyesifu kitu, alivua vifaa masikioni akaviweka chini.

Kimebaki kipande kimoja tu: Bwana Forodha na mkewe wamezeeka, wanakunywa kahawa uani bila kusema neno. Nakuja nacho Agosti, kazi ya asubuhi moja.

Bayan ameniambia kwa simu kwamba umekaa eda. Nimecheka sana. Mwambie mwanao utani wake umezidi.

Mwanao,
Hamed


Tongoni, 14 Mfungo Nne

Hamed mwanangu,

Marahaba. Miguu imepoa. "Nakuja nacho" haisemwi kwa kipande ambacho hakijapigwa. Nilikufundisha Kiswahili mwenyewe darasa la nne, usinitie aibu huko Dar.

Bayan hakufanya utani. Nimekaa eda, sitoki, na ndiyo sababu naandika. Kwenye simu nitalia, na kulia kwa simu ni kumaliza salio bure. Barua anazichukua Bayan akija kutoka mjini, anazitia kwenye basi.

Ulikuwepo. Mara nane Masoud alisema kama ulivyomwandikia, "Salma, nimekuacha, rudi kwenu," na mara zote nane nilimwona Masoud anasoma risala. Salma simjui. Mara ya tisa akanitazama akasema, "Ghanima, nimekuacha." Nyinyi mkapiga makofi, mkakunja nyaya, mkaondoka kuwahi giza.

Nilimwita Sheikh Kombo kesho yake. Akasema mtu akisimulia maneno ya mtu mwingine si talaka. Lakini mume akimtazama mkewe mwenyewe, akamtaja kwa jina lake mwenyewe, akatamka neno lililo wazi, basi mzaha wake pia unahesabiwa, na imepita talaka moja. Akaniuliza mimi nililisikiaje. Nikamwambia nililisikia kama lilivyosemwa.

Wewe umekulia nyumba hii. Umewahi kumsikia ami yako akiniita kwa jina? Ni Mama Bayan. Kabla Bayan hajazaliwa alikuwa anakohoa mlangoni, nikajua ni mimi ninayeitwa. Miaka arobaini na moja, Hamed. Siku ya kwanza jina langu kutoka kinywani mwake, limetoka ili aniache. Uso ulioupenda ni huo.

Eda inakaliwa nyumbani kwa mume, kwa hiyo mimi nimo chumbani na yeye amehamia ghala la mbata, nyuma ya duka lake, ng'ambo ya ua. Chakula naweka kizingitini, nagonga, naondoka. Miezi mitatu. Ndani ya miezi hiyo anachotakiwa ni kusema "nimekurejea" na yamekwisha, hahitaji shahidi wala mahari. Asiposema, mimi si mkewe tena. Bado hajasema.

Kahawa ya Bwana Forodha isubiri.

Mama yako mkubwa,
Ghanima


Dar es Salaam, 27 Julai 2024

Ami Masoud,

Shikamoo. Nimepata barua ya Mama Mkubwa na sijalala vizuri tangu hapo.

Ami, nakuomba unyanyue mguu uvuke ule ua, useme neno moja. Ni pumzi moja tu. Wewe unajua na mimi najua kwamba hukukusudia.

Na lile jambo letu. Ni mimi niliyekuvuta pembeni baada ya mara ya nane nikakunong'oneza, "Mtaje kwa jina lake mwenyewe, halafu usimwambie nimekuomba." Ulikataa, nikakushika mkono. Nilitaka mshtuko wake na niliupata. Nakuomba bado usimwambie. Akijua nimemchezea, atakataa kipande kile kionyeshwe, na bila kipande kile sina filamu. Tukishamaliza kazi nitakuja mwenyewe kumwambia.

Mwanao,
Hamed


Tongoni, 3 Agosti 2024

Hamed,

Salamu nimepokea.

Nimekupa ahadi na sijaivunja. Nikiahidi gunia ni gunia.

Kuhusu kurejea, siwezi. Anayerejea ni aliyeacha. Mimi sijaacha mtu. Nikisema "nimekurejea" nimekubali kwamba siku ile nilimwacha mke wangu mbele ya watu tisa na taa, nami sikufanya hivyo. Nilisema maneno yako.

Kinachoniuma nitakwambia wewe kwa kuwa huku sina wa kumwambia. Miaka yote ile tumelala chumba kimoja, nimemuuguza, ameniuguza, tumemzika mtoto wetu Qais pamoja. Halafu anasikia sentensi moja barazani anaamini. Alinitazama kama mtu aliyekuwa anaingoja. Sasa nani amemwacha mwenzake?

Ghala lina joto lakini mbata hazinung'uniki. Chakula ni kizuri kuliko zamani. Anatia na pilipili mbichi kando, hakuwa anatia.

Ami yako,
Masoud


Dar es Salaam, 20 Agosti 2024

Mama Mkubwa,

Shikamoo. Samahani kwa kuchelewa. Tarehe zako za mwezi mwandamo zinanipa kazi, nimelazimika kumuuliza jirani Mfungo Nne ni lini, akaniambia ndiyo Muharram.

Nimepata dawa, na ni dawa ya kazi yangu. Ikiwa talaka ya kwenye filamu inahesabiwa, na rejea ya kwenye filamu itahesabiwa vilevile, sivyo? Nimebadilisha mwisho wa "Bwana Forodha". Badala ya kahawa bila maneno, mzee anasimama mlangoni anamrejea mkewe. Nimeandika maneno mazuri, nimeyafungia humu ndani, karatasi moja tu. Ami akiyasoma mbele ya kamera hatakuwa ameshindwa, atakuwa anaigiza. Na wewe utakuwa umesikia ulichotaka kusikia. Mimi nitakuwa na mwisho wa filamu. Watu wa tamasha wanaitaka mwishoni mwa Oktoba, na hii ndiyo mara ya kwanza wananiita kwa kazi yangu wala si kwa kelele za tamthilia.

Niambie ndiyo, nije na Timotheo wiki ijayo.

Hamed


Tongoni, 24 Mfungo Tano

Hamed,

Karatasi yako nimeisoma. Ni nzuri. "Nuru ya nyumba yangu" na "bila wewe paa halina nguzo." Ami yako akiyasema hayo nitampeleka hospitali.

Usije. Maneno yako yameshaniacha mara moja, sitaki tena yanirejee. Nataka maneno ya Masoud, hata yawe mabovu.

Mwanangu, wewe una haraka ya filamu, mimi nina haraka nyingine. Imekwenda miezi miwili kasoro kidogo. Usiku namsikia anakohoa ghalani, vumbi la mbata halimfai, na mkono wangu unashika komeo. Kisha naliachia. Sheria imempa yeye neno, haikunipa mimi. Mwanzoni nilikaa eda kwa hasira, na nitakwambia kweli, kulikuwa na raha yake, kulala katikati ya kitanda na kusoma mpaka nichoke. Nilisema wacha asikie upweke wiki mbili, atakuja. Sasa naogopa. Nimempa mtu nafasi ya kunitaka na anaiangalia inapita.

Je, alikuwa anaingoja nafasi ya kuniacha siku nyingi? Hilo ndilo swali, na wewe uliyekuwa nyuma ya kamera ulimwona uso wake. Mimi machozi yalinizuia. Niambie alivyokuwa.

Ghanima


Dar es Salaam, 14 Septemba 2024

Mama Mkubwa,

Shikamoo. Swali lako nimekaa nalo siku kumi. Nilianza kujibu mara nne, na kila barua ilikuwa nzuri na ya uongo.

Ami alikuwa na uso wa mtu anayefanya asichokitaka. Alifanya kwa sababu nilimwomba. Ni mimi niliyemnong'oneza alitaje jina lako. Alikataa, nikambana, nikamwapisha asikwambie, na Julai nikamwandikia tena kumwomba aendelee kunyamaza mpaka nimalize filamu. Amenyamaza kwa ajili yangu. Ulimwadhibu mtu asiye na kosa, na mwenye kosa alikuwa anakuandikia barua za "nimepata dawa".

Unakumbuka nilipoanza, na kamera ya kuazima, nikipiga picha harusi za Ngamiani, mjini Tanga? Bibi harusi asipolia, nilikuwa namtuma somo wake, yule mama anayemfunda, amnong'oneze habari za marehemu baba yake. Analia, mimi napiga. Mji ukasema ukitaka bibi harusi alie mchukue Hamed. Ndivyo nilivyopata nauli ya Dar. Kule tulikuwa tunamaliza filamu kwa wiki mbili, hakuna wa kufundisha mwigizaji, hivyo nikaendelea na njia yangu. Kwenye tamthilia nilimwambia binti mmoja kwamba tumemfukuza kazi, nikapata uso wake, kisha nikamwambia ni mchezo. Alipata tuzo kwa uso ule. Mpaka leo hapokei simu yangu. Nilikuwa najiambia ana maringo.

Sijawahi kumwomba mtu anipe. Nimekuwa nikichukua. Naona aibu, na aibu ni kubwa zaidi kwa kuwa kipande bado nakipenda.

Nitakifuta ukisema. Nimemwandikia Timotheo asikiguse mpaka useme wewe. Filamu ikifa, ife.

Hamed


Tongoni, 19 Mfungo Sita

Hamed,

Nimekasirika. Nimengoja siku tatu hasira zipungue nikuandikie, hazikupungua, basi naandika nazo.

Nilikulisha, nikakupeleka chuoni, nikakufundisha kuandika kwa mkono huu huu. Ulipotaka machozi ungesema, "Mama Mkubwa, nahitaji ulie." Ningekupa. Nina mengi ya kulilia, Qais peke yake angetosha. Ulidhani mimi ni nani hata uniibie kitu ambacho ningekupa kwa mkono?

Kipande usikifute. Uso ni wangu na nimeshauzoea msiba wake. Lakini jina langu liondoe. Mwambie fundi wako wa Lushoto alitoe, pale pabaki kimya. Watu waone mdomo wa Masoud unatikisika, na waone mimi nimesikia. Kilichosemwa si chao. Kama filamu itapungua, ipungue.

Ami yako nimemwambia. Nilipoweka sahani sikuondoka, nikasema mlangoni, "Hamed ameniandikia. Nimejua." Kisha akasema, "Vizuri." Nikangoja. Nilisimama mpaka nikasikia anakula. Nikarudi chumbani.

Kwa hiyo sasa wote tunajua hana kosa, na bado hasemi. Zamani nilikuwa na wa kumlaumu.

Ghanima


Tongoni, 8 Oktoba 2024

Hamed,

Nimeharibu. Soma mpaka mwisho kabla hujapiga simu.

Aliponiambia amejua, niliona moyo umekuwa mwepesi. Nikasema sasa nitakwenda. Lakini nitakwendaje, na vumbi la mbata nyweleni na kanzu ina kutu ya misumari? Nikasema nifanye sawasawa. Nikamtumia habari fundi wa Tanga anishonee kanzu. Nikaagiza halua. Kila jioni nikifunga duka nasema kesho, na kesho nasema bado siku zipo. Nilikuwa naona haya, mzee mzima. Nilijizoeza neno lenyewe ghalani, likanitoka kama la mtu mwingine.

Nikaweka siku ya mwisho. Tarehe 7 Julai mpaka tarehe 7 Oktoba, nimeizungushia wino kwenye kalenda ya dukani. Jana Jumatatu nikaoga, nikavaa, nikavuka ua na sahani ya halua. Nikagonga. Nikasema, "Ghanima." Nikakohoa, nikaanza tena. "Ghanima, nimekurejea."

Mlango haukufunguka. Akasema kutoka ndani, kwa upole kabisa, "Masoud, eda imekwisha Ijumaa, mwezi ulipoandama. Sasa mimi si mkeo. Umekaa vibaya hapo mlangoni."

Nilikwenda kwa Sheikh Kombo. Akahesabu kwa vidole, Mfungo Nne ulioandama siku ile ile, Tano, Sita. Akasema eda haihesabiwi kwa kalenda ya duka. Siku tatu, Hamed. Nimechelewa siku tatu.

Kumbe nimezoea kimya changu mpaka nikasahau kwamba nimekibeba. Sina pa kwenda ila kwa kaka yake Ghanima, Yazid, kule Moa, nikaombe posa kama kijana. Nitakwenda kesho na bodaboda kutoka njia ya Horohoro. Niandikie kama una lolote la kuniambia. Maneno yako mazuri sitaki.

Masoud


Dar es Salaam, 12 Oktoba 2024

Mama Mkubwa,

Shikamoo. Ami ameniandikia. Sina la kushauri, na hata ningekuwa nalo nisingelitoa.

Filamu anayo Bayan kwenye kompyuta yake, atakuonyesha. Timotheo ameliondoa jina. Alifanya kazi siku nzima kwa kuwa chini ya jina kulikuwa na sauti ya kunguru na pumzi yako, akaviacha hivyo viwili. Nitakwambia kweli kama ulivyonifundisha juzi: kwa mtazamaji imepungua kidogo. Nimeiacha hivyo.

Kipande cha kahawa sikupiga. Filamu inaishia usoni pako barazani. Ukisema isitoke, nitawaandikia watu wa tamasha leo hii. Safari hii naomba, na nangoja jibu.

Hamed


Tongoni, 17 Mfungo Saba

Hamed mwanangu,

Filamu nimeiona, mimi na Bayan, mlango tumefunga. Itoke. Yule mama wa barazani namwonea huruma kama jirani. Pale penye kimya Bayan aliniuliza, "Alisema nini hapo, mama?" Alikuwa ameshasahau. Nikaona fundi wako amefanya kazi.

Sasa ya kwetu. Utauliza kwa nini sikumkumbusha ami yako kuhusu mwezi. Ningeweza. Ijumaa ile jioni niliuona juu ya paa la ghala, mwembamba, na yeye yuko chini yake anafunga duka anapiga mluzi. Palikuwa na hatua kumi na tano kati yetu. Nilifungua mdomo nikaufunga. Nilisema moyoni, hili nalo nikilisema mimi, nitayasema yote mpaka nife. Kisha nikalia sana, kwa kuwa nilidhani ndiyo mwisho. Mluzi ule ndio ulioniliza. Sikujua kwamba ana siku yake kwenye kalenda.

Alikwenda Moa. Yazid anasema alifika vumbi tupu, akakataa kukaa kitini, akasema, "Nimekuja kumposa dada yako, Ghanima bint Said." Yazid akadhani jua limempiga.

Niliolewa nina miaka kumi na tisa. Baba aliingia chumbani, akasema amekuja Masoud, unasemaje? Nikainamisha kichwa. Akatoka akasema amenyamaza, ameridhia. Ndivyo ilivyo kwa mwali, kimya chake ni jibu. Sikuwa nimeridhia wala sikuwa nimekataa, Hamed. Nilikuwa naogopa tu, na hakuna aliyeniuliza tena. Baadaye nilimpenda, lakini hilo nililifanya peke yangu, bila shahidi.

Sasa mimi si mwali. Mwanamke aliyekwisha kuolewa kimya chake hakihesabiwi, lazima atamke mwenyewe. Sheikh Kombo alimweleza Yazid hivyo Ijumaa iliyopita, baada ya sala, watu wamejaa barazani. Yazid akaja mpaka kwenye pazia na mashahidi wawili akaniuliza, umeridhia kuolewa na Masoud? Mahari nilikuwa nimetaja mwenyewe, na ni siri yangu na yake.

Nilikaa kidogo bila kujibu. Nikamsikia Masoud kule nje anakohoa, mara moja, kisha anajizuia. Watu wakaacha kuzungumza. Yazid akarudia kuniuliza, masikini. Sikuwa na shaka yoyote. Nilitaka tu angalau mara moja katika maisha yangu watu wote wale wangojee neno langu.

Kisha nikasema, "Nimeridhia." Nilisema kwa sauti ya darasani, wakasikia mpaka barabarani.

Mama yako mkubwa,
Ghanima bint Said